Sinki la Kuogea la Mama

Nilikuwa bwana afya. Kwa sehemu kubwa ya maisha yangu nililipwa mshahara ili nione kinyaa kwa niaba ya wengine. Niliinama kwenye vyoo vya migahawa, nikanusa maini kwenye mabucha, nikakagua kucha za wapishi na kufunua madumu ya maji ambayo wenyewe waliapa kuwa yamechemshwa. Nilipostaafu nilirudisha koti jeupe na mhuri, lakini pua nilibaki nayo. Haijapumzika hata siku moja. Nikipita sokoni najua ni nani jana hakumwaga maji ya samaki, na nikipanda bajaji najua dereva alikula nini.

Kwa hiyo nilijua kabla ya mtu mwingine yeyote kwamba mama yangu haogi.

Alikuja kukaa nami Bagara, hapa mjini Babati, baada ya magoti yake kugoma. Alikuwa akiishi peke yake shambani, upande wa Dareda, na kila nilipomwomba aje mjini alisema atakuja akishavuna. Siku moja aliketi chini kupepeta maharage akashindwa kuinuka. Alikaa hapo hapo tangu asubuhi, na ungo mapajani, mpaka jirani alipopita kuazima jembe. Nilikwenda kumchukua kesho yake. Mimi ndiye mtoto wake pekee aliyebaki, mke wangu alishafariki, na binti yangu anafanya kazi Dodoma. Nyumba ikawa ya watu wawili, mzee mmoja na mzee zaidi.

Bafu langu lilikuwa kama mabafu mengi ya mji huu: sakafu ya saruji, tundu la kutolea maji kwenye kona, bomba la juu linalotoa maji siku likijisikia, ndoo na kopo. Mtu anasimama, anachota, anajimwagia, na uchafu unakwenda zake. Huo ndio uogaji ninaouheshimu. Lakini una mlio wake, na mimi nilikuwa nausikia nikiwa sebuleni. Kopo linachota, maji yanapiga mgongo, kimya kidogo cha kujisugua, kopo linachota tena. Maji ya Mama yalikuwa na mlio mmoja tu, wa ndoo nzima kupinduliwa sakafuni. Baada ya hapo alisubiri kidogo, akalowesha nywele za mbele, akatoka ameshikilia ukuta.

"Nimeoga," alikuwa anasema. "Namshukuru Mungu."

Nami nilikuwa najibu, "Vizuri, Mama," huku nimebana pumzi.

Sikumlaumu. Kuinama kuchota hakuweza, na kusimama kwenye sakafu iliyolowa hakuthubutu. Nilimwekea kiti cha plastiki. Kikateleza kwenye povu siku ya pili, akabaki ananing'inia kwenye koki mpaka akapata mahali pa kukanyaga. Haya aliniambia mwenyewe akiwa ameshavaa, na kiti akakitupa nje kwa mkono wake. Nilitafuta mwanamke wa kumsaidia. Wa kwanza aliondoka kabla ya chakula cha mchana. Wa pili Mama alimsalimia vizuri, akampa chai, kisha akamweleza kwamba mwili uliozaa na kuzika hauoshwi na mtu wa kulipwa, na akamsindikiza hadi getini.

Na mimi ni mwanamume. Kwetu mtoto wa kiume akishavuka umri wa kuogeshwa, hakuna tena siku atakayouona mwili wa mama yake. Akipita karibu na mahali anapooga, anakohoa kwa mbali na kuzunguka. Mama akiugua kuna wanawake wa kumvua na kumvika, na akifa ni hao hao. Jambo hili sikuwahi kusikia likijadiliwa, kwa sababu hakuna aliyewahi kuuliza.

Basi akawa ananuka. Naandika neno hilo na mkono wangu haupendi, lakini ndilo. Ilikuwa harufu ya mkojo uliokaukia nguoni, na jasho la zamani, na kitu kingine kizito kama pishi la mahindi yaliyovunda. Kila asubuhi ilinipokea kwenye korido. Kichefuchefu kilinipanda, nikakimeza, na baada ya kukimeza nilijichukia. Nilianza kula barazani. Nilimwambia Mama kwamba ndani kuna joto, mjini Babati, mwezi wa sita, watu wanatembea na makoti.

Jumuiya yetu ya kanisa husali kila wiki nyumba kwa nyumba. Siku moja tulisali kwa jirani wa nyumba ya tatu, mama mmoja tuliyezoeana naye tangu nijenge. Mama yangu aliketi kando yake kwenye benchi. Katikati ya sala nilimwona jirani akisogea. Si sana, upana wa kiganja. Baadaye akasogea tena. Mwisho akainuka kama anayekwenda kutazama jiko, akarudi na kukaa upande wa pili, akajifunika pua kwa ncha ya khanga na kuendelea kusali. Mama hakugeuza kichwa. Tulipofika nyumbani alisema magoti yanamuuma, na tangu siku ile hakwenda tena jumuiya. Alisali kitandani, mlango umefungwa.

Nilimkasirikia yule jirani hadi masikio yakawaka moto. Ningetaka kumwambia maneno. Lakini ningemwambia nini, mimi niliyekuwa nakula barazani?

Zamu ya nyumba yetu kupokea jumuiya ilikuwa inakuja, baada ya wiki chache. Mama alijua. Alianza kusema labda siku hiyo atakuwa amelala.

Mtaalamu wa viungo hospitalini ndiye aliyenipa wazo. Aliyakunja magoti ya Mama, akayakunjua, akasema, "Bibi anahitaji kukaa kwenye maji ya moto. Mtafutie sinki lile refu la kuogea. Atakaa, ataloweka magoti, atajisafisha mwenyewe, hatahitaji mtu." Mama aliyasikia maneno hayo ya mwisho akanitazama. Ilikuwa mara ya kwanza kwa miezi mingi kuona anataka kitu.

Sasa niseme ninavyoliona lile sinki, ambalo mafundi wetu wanaliita bathtabu. Nalionea kinyaa. Mtu anajaza maji, anaingia na vumbi lake, jasho lake na mambo yake mengine, anakaa humo, anajisugua humo, na uchafu badala ya kuondoka unamzunguka kama ndugu waliokuja msibani. Kisha anachota maji yale yale anajipaka usoni. Eti ameoga. Sahani ikioshwa hivyo mgahawani ningeufunga. Katika nyumba chache za mji huu nilizokagua zenye sinki la namna hiyo, sikuwahi kukuta linaogewa. Nilikuta limejaa maji ya akiba, au viatu, au mahindi ya mbegu. Wenyewe walisimama pembeni yake na kuoga kwa kopo, na niliwaona wana akili.

Lakini ni Mama. Nikapiga moyo konde nikaenda mjini.

Duka la vifaa vya ujenzi lilikuwa na masinki matatu, yamesimamishwa ukutani nyuma ya mabomba, na moja limelazwa sakafuni kama maonyesho. Muuzaji alinikaribisha kwa furaha.

"Shikamoo mzee. Hii orijino kabisa. Za hotelini hizi."

"Marahaba." Nikainama kama nilivyozoea, na kama nilivyozoea nikanusa. Kwenye tundu la kutolea maji kulikuwa na miba ya samaki. Miba ya perege, na chembe za ugali zilizokauka, na utando wa mafuta uliokuwa na rangi ya upinde wa mvua. Yule bwana alikuwa anakula chakula chake cha mchana pale na kunawia humo humo. Nilipomwonyesha alicheka.

"Si linaoshwa, mzee? Ni la kuoshea!"

Nilitoka nikatema mate mtaroni. Ila kabla ya kutoka nilikuwa nimelipima kwa kamba, maana ukingo wake ulinitia wasiwasi. Ulifika juu ya goti langu, na Mama ni mfupi kuliko mimi.

Nilihitaji kujua mguu wake unanyanyuka kiasi gani. Mtu hawezi kumshika mama yake mguu akaupima. Nikaleta matofali ya kuchoma yaliyobaki tulipojenga banda, nikayapanga uani, moja juu ya jingine, nikamwomba avuke.

"Nivuke niende wapi?"

"Vuka tu, Mama. Napima."

"Umekuwa fundi nguo sasa?" Lakini alishika gauni, akashika bega langu, akavuka tofali moja. Akavuka mawili. Kwa matatu aliuma meno, mguu ukapita. Kwa manne kidole gumba kiligonga, tofali la juu likaanguka, na akatukana kwa Kigorowa neno ambalo sikujua analijua. Kisha akacheka mpaka akakaa kwenye kochi la barazani, na nilipomwona ameshikilia mbavu nilisahau harufu kwa dakika nzima. Basi kipimo kikawa matofali matatu. Sinki la dukani lilikuwa na kimo cha matofali saba.

Fundi bomba wangu, mtu mzima mwenye sauti kubwa na kofia ya sufu asiyoivua, alisema anajua mahali kuna sinki la zamani, la chuma, fupi kuliko haya ya siku hizi. Liko Singe, nje kidogo ya mji. Tulikwenda kwa bajaji. Mwenyeji alituzungusha nyuma ya nyumba, akapita banda, akapita kichanja cha majani, akatuonyesha kwa mkono wa kujivuna.

Kweli lilikuwa chuma. Zito, limekaa juu ya mawe, na chini yake kulikuwa na majivu. Mtu aliyepaswa kushangaa majivu chini ya sinki la kuogea ni mimi, lakini pua ilinitangulia. Ndani, pande zote, kulikuwa na mviringo wa ukoko wa rangi ya kahawia, na kwenye ukoko zilisimama singa. Nyeupe, ngumu, mamia. Karibu na kizibo palilala kipande cha ngozi chenye kwato mbili.

"Hapa tunamwagia nguruwe maji ya moto kabla ya kumnyoa," alieleza mwenyeji. "Jumamosi kwa Jumamosi. Halijawahi kuvuja."

"Ukilisugua linang'aa," aliunga mkono fundi.

Nilifikiria mapaja ya Mama kwenye ukoko ule. Niliwahi mpaka kwenye migomba, chai ya asubuhi ikatoka yote, pamoja na chapati. Nilipoinua kichwa nzi walikuwa wameshaanza kunihamia. Mwenyeji aliniletea maji ya kusukutua kwenye kopo, na kopo lenyewe lilikuwa na singa moja kwenye ukingo. Nilitembea kwa miguu mpaka barabarani bila kuaga, jambo ambalo sijawahi kulifanya kwa mtu yeyote.

Tulijaribu pia gesti moja inayokarabatiwa karibu na stendi. Masinki waliyokuwa wanayang'oa yalikuwa na michirizi ya manjano na nywele za aina nyingi, na nilichokiona kimenata chini ya kizibo sitakiandika, maana watu wa heshima wanaweza kusoma hapa. Niliosha mikono mara tatu na bado usiku nilikula kwa kijiko.

Mwisho nikarudi kwenye sinki la miba ya samaki. Lile angalau nilijua kilichokuwamo. Nililitia klorini, nikalisugua kwa brashi uani kwa siku tatu, nikalianika juani kama godoro la mgonjwa. Na fundi akapata jawabu la ukingo. "Mzee, kama mguu wa bibi haupandi, tutalishusha sinki. Tunachimba sakafu, tunalizamisha matofali manne, juu yanabaki matatu. Bibi anaingia kama anavuka kizingiti."

Niliona ni akili kubwa. Nilimshika mkono.

Kuchimba kulifunua bomba la zamani la maji machafu, na fundi alipolikata likatema. Ulitoka utelezi mweusi, mzito, wenye nywele na mabaki ya sabuni, ukanyooka sakafuni polepole na harufu yake ikajaza nyumba hadi jikoni. Fundi alivuta kofia ikafunika pua. Nilisimama mlangoni nimejaa hasira, nikitafuta wa kulaumu, na hakukuwa na mtu. Mama hakuwahi kuoga mle. Uchafu wote ule ulikuwa wangu, wa miaka yangu yote ya kujiona msafi.

Kazi ilipokwisha, lilikuwa zuri. Siwezi kukataa. Vigae vyeupe pembeni, koki mbili, ukingo wa matofali matatu kamili niliyoyapima tena kwa kamba. Komeo la mlango nilimwambia fundi aling'oe kwa usalama. Kisha tukalijaribu. Fundi alivua viatu, akavuka, akasimama ndani, akavuka akatoka. Nami nikavua viatu, nikavuka, nikasimama ndani, nikajifanya nachota na kujimwagia, nikavuka nikatoka. Tukaangaliana. Safi.

Nimerudia tukio hilo kichwani mara nyingi. Watu wazima wawili, mmoja amefunga masinki mji mzima, mwingine amekagua mabafu yote, na hakuna hata mmoja wetu aliyewahi kuoga amekaa. Tulilijaribu sinki la kukaa kwa kusimama. Fundi aliniambia, "Kaa basi mzee, uone raha yake." Nikainama kidogo. Nikaikumbuka miba ya perege, nikazikumbuka singa za Singe, mwili ukanisisimka, nikasema hakuna haja. Lilikuwa kavu, limeoshwa kwa klorini siku tatu, na bado nilishindwa kuweka makalio yangu pale nilipotaka mama yangu aweke yake.

Jumamosi kabla ya jumuiya kuja kwetu, nilichemsha maji masufuria mawili makubwa. Niliyachanganya, nikayapima kwa kiwiko kama anavyofanyiwa mtoto mchanga, nikaweka sabuni na dodoki mahali mkono unapofika, nikatoka. Mama aliingia na khanga zake mbili. Mlango ukafungwa.

Niliketi sebuleni. Kwanza nikasikia nguo zinaanguka. Kisha mguu mmoja majini, kimya, mguu wa pili. Kisha pumzi ndefu, na maji yakapanda na kugonga ukingo. Amekaa. Nilijikuta nimeshika mikono yangu miwili kama niko kanisani. Baada ya muda mfupi alianza kuvumisha wimbo, bila maneno, na katikati yake dodoki likawa linakwenda na kurudi. Sikumbuki kama nimewahi kufurahia sauti yoyote namna ile. Nilikwenda jikoni nikabandika chai ya watu wawili, ili tunywe pamoja mezani.

Chai ilichemka. Wimbo ulikuwa umekwisha. Nikasikia maji yanachafuka ghafla, kisha yanatulia. Yakachafuka tena. Halafu ukaja mlio wa viganja vilivyolowa vikiteleza kwenye plastiki ya sinki, ule mlio wa kukereza meno.

Nilikwenda mpaka mlangoni nikakohoa. "Mama?"

"Niko sawa."

"Unatoka?"

"Naloweka magoti. Nenda zako."

Nilikwenda, nikarudi. Viganja viliteleza tena. Kitu kizito kikagonga chini, na Mama akatoa sauti ndogo ambayo hakutaka itoke. Ndipo nilipouona kichwani ule ungo wa maharage mapajani mwake. Nilijua. Nilikuwa nimejua tangu siku ile ya Dareda kwamba akikaa chini hainuki, hilo ndilo lililomleta kwangu. Nami nikatafuta mji mzima, nikapima kwa kamba na matofali, nikalipa mtu achimbe sakafu, ili nimkalishe mama yangu chini kuliko alivyowahi kukaa.

"Mama, umekwama."

"Maji yamepoa kidogo."

"Nikamwite jirani? Yule wa nyumba ya tatu. Ni mwanamke mwenzako, atakushika."

"Yule?" Sauti yake ilipanda mpaka nikarudi nyuma. "Aje anione hivi? Heri unikute nimekufa humu."

"Basi niingie mimi."

"Usiingie."

Nilisimama. Mwezi wa sita, kwetu, maji hayachukui muda kuwa ya baridi. Nilisikia meno yake. Aligonga ukingo kwa kiganja mara mbili, kama anayejaribu kumsukuma ng'ombe, kisha hakugonga tena. Mwishowe alisema kwa sauti ya chini, "Fumba macho, baba."

Nilichukua khanga kavu kwenye kamba, nikafumba macho, nikasukuma mlango. Mimi niliyeingiza kichwa kwenye kila choo cha mji huu na tochi mkononi, niliingia kwenye bafu langu kama kipofu. Goti likagonga ukuta. Nikapapasa koki, nikapapasa kigae.

"Uko wapi?"

"Hapa hapa. Nitakwenda wapi?"

Harufu ilinifikia kabla ya mkono. Sabuni, na chini ya sabuni ile nyingine yote, imelainika kwa moto na sasa imepoa, inaelea. Nilipiga magoti kwenye ukingo. Ili kumshika chini ya makwapa ilinibidi niingize mikono majini, na maji yale yalikuwa mazito. Yalikuwa na utando uliojikusanya kwenye ngozi yangu na kupanda pamoja na mikono mpaka kwenye viwiko. Hayo ndiyo maji niliyokuwa nayatapikia kwa mawazo tangu siku ya kwanza. Nikamfunika kifua kwa khanga, nikapitisha mkono nyuma yake kumwinua, na kiganja changu kikakaa mgongoni.

Nongo zilitoka chini ya vidole vyangu. Si kidogo. Zilijiviringisha kama tambi, za miezi na miezi, kuanzia bega hadi kiunoni, mahali ambapo hakuna mtu aliyefika. Mkono wangu ukasimama wenyewe. Najua aliusikia ukisimama, kwa sababu pumzi yake nayo ilisimama.

"Huko sifiki," alisema. "Tangu mvua za vuli."

Nilikuwa nimefumba macho kwa nguvu mpaka yanauma.

"Fumbua, utaniangusha," alisema. "Huna jipya la kuona. Ulitoka humu humu."

Nilifumbua. Niliona kisogo cheupe chembamba, na masikio, na mgongo wa mtu mdogo kuliko niliyemfikiria, umepauka na mistari myeusi pale vidole vyangu vilipopita.

"Sasa umeshaingia," akasema, akinisukumia dodoki kwa nyuma bila kugeuka. "Maliza kazi."

Nikaleta maji ya uvuguvugu yaliyobaki kwenye sufuria, nikayamimina humo. Nikapaka dodoki sabuni, nikaanzia begani. Maji yakageuka rangi, nikaendelea. Alikuwa ameinamisha kichwa na ameshika khanga kifuani kwa mikono yote miwili.

"Ulikuwa unakula barazani," alisema baada ya muda. "Nilikuwa nanuka, siyo?"

Nimeshawaandikia faini wenye mabucha waliolia, nimewafungia mamantilie niliowafahamu, sijawahi kudanganya kwenye ripoti hata moja.

"Hapana, Mama," nikasema.

"Mwongo wewe. Sugua."

Nikasugua.